Namna ya kusimamia watu mpaka kazi ifike mwisho, hatua kwa hatua

Nimesimamia watu kwa miaka kadhaa sasa, timu ndogo na kubwa, na kitu kimoja kimejirudia kila mahali: kazi nyingi zinakwama kwa sababu hakuna mtu mmoja anayejua kwamba hii ni yangu, inatakiwa iweje ikiisha, na nitaulizwa lini. Uvivu upo, sikatai, lakini mara nyingi ukichimba unakuta mtu hakuelewa, au alielewa akajua na mwenzake naye anaifanya, au aliifanya akakaa nayo mezani kwa sababu hajui ampelekee nani. Kwa hiyo karibu kila hatua hapa chini inarudi kwenye hayo matatu.

Nimeandika kwa ajili ya mtu aliyekabidhiwa timu juzi na hajui aanzie wapi, iwe ofisini, shuleni au kwenye kikundi cha kujitolea ambacho hakuna anayelipwa. Na nakuomba usizifanye zote wiki moja.

Hatua ya 1: Kabla hujabadilisha chochote, kaa na kila mtu peke yake

Ukipewa kiti kipya mkono unawasha, unataka uonekane umeleta mabadiliko. Jizuie wiki mbili. Chukua daftari, kaa na mtu mmoja mmoja nusu saa, wewe uliza na andika, yeye ndo aongee. Mimi nauliza maswali manne tu: siku yako inaendaje kuanzia unapofika? Nini kinakuchelewesha mara kwa mara? Ungekuwa wewe kwenye kiti changu ungeanza kurekebisha nini? Na kitu gani kinaenda vizuri ambacho hutaki nikiguse? Hilo la mwisho watu wengi hawaulizi, halafu wanaingia wanavunja kitu kilichokuwa kinafanya kazi.

Sehemu moja niliyofanya kazi kulikuwa na fomu ya kuombea vifaa, ina nafasi tatu za sahihi. Watu watatu tofauti waliniambia fomu ile inakaa siku nne mpaka tano. Nikaifuata kwa miguu, meza hadi meza. Sahihi ya kwanza ilikuwa ya mkuu wa idara, sawa, ya pili mhasibu, sawa, ya tatu nikamuuliza mwenye kusaini, kwani wewe hapa unahakikisha nini? Akaniambia hajui, aliyekuwa kwenye nafasi ile kabla yake alikuwa anasaini na yeye akaendelea. Tukaifuta ile nafasi na fomu ikaanza kutoka siku hiyohiyo au kesho yake. Jambo hilo nisingeliona kwenye ripoti yoyote, nililipata kwa kukaa na watu na kuwasikiliza.

Hatua ya 2: Andika matokeo unayotaka, usiandike shughuli

"Kufanya mafunzo manne kwa watu wa mapokezi" ni shughuli. Mnaweza kufanya yote manne na mapokezi yakabaki vilevile. Matokeo ni hivi: "ifikapo mwisho wa mwezi ujao kila mtu wa mapokezi aweze kufungua faili la mteja mpya mwenyewe bila kumwita mtu." Hapo hata mtu wa nje akija anaweza kuangalia akasema imefikiwa au bado.

Wazo la kusimamia kwa malengo halijaanza leo, Peter Drucker, mwandishi wa mambo ya usimamizi, alilieleza mwaka 1954, na miaka ya 1970 Andy Grove, mmoja wa viongozi wa Intel, kampuni ya Marekani ya kutengeneza chipu za kompyuta, akaliendeleza pale kwa utaratibu wa kuandika lengo na chini yake matokeo machache yanayopimika. Ukitaka kuliiga chukua hapo tu: lengo moja, chini yake vipimo viwili vitatu, na timu isiwe na malengo zaidi ya matatu kwa wakati mmoja. Ukiwapa watu malengo kumi umewaachia wachague wenyewe, na watachagua yaliyo rahisi.

Sasa hapa naomba uwe makini sana. Namba ukiitegemea peke yake inaharibu watu. Benki ya Wells Fargo kule Marekani ilikuwa inawabana wafanyakazi wafikishe idadi ya akaunti na huduma za kuuza, na mwaka 2016 ikabainika wafanyakazi wamefungua akaunti nyingi mno ambazo wateja hawakuziomba, benki ikapigwa faini ya dola milioni 185 na watu wapatao 5,300 walikuwa wamefukuzwa kwa mambo hayo. Hebu fikiria, maelfu ya watu, hawakuzaliwa wote matapeli, kuna kitu kwenye usimamizi kiliwasukuma. Kwa hiyo kila kipimo kiwekee mwenzake wa kukilinda. Ukipima haraka, pima na malalamiko. Ukipima mauzo, pima na wateja wanaorudi. Namba moja ikipendeza na mwenzake ikiharibika unajua mahali pa kwenda kuuliza.

Hatua ya 3: Kila kazi iwe na mwenyewe mmoja

Mhandisi wa kilimo wa Ufaransa, Max Ringelmann, aliwapima watu wakivuta kamba, mmoja mmoja na kwa makundi, matokeo yakachapishwa 1913. Kadiri watu walivyoongezeka ndivyo kila mmoja alivyotoa nguvu kidogo, na kwenye kundi la watu wanane kila mtu alikuwa anatoa karibu nusu tu ya anachoweza akiwa peke yake. Sehemu ya upungufu ni kwamba hawavuti kwa mpigo mmoja, na sehemu nyingine ni kwamba mtu akiwa kwenye kundi analegea, hata bila kukusudia.

Ofisini ni hivyohivyo. "Tutalifanyia kazi" maana yake hakuna atakayelifanyia kazi. "Wewe na mwenzako mshughulikie" maana yake kila mmoja anamsubiri mwenzake. Watu kumi wanaweza kusaidia, hilo halina shida, lakini jina la anayejibu liwe moja, na awe analijua yeye na wenzake wote wanalijua. Mimi nina karatasi moja tu, ina safu nne: kazi, mwenyewe, tarehe, imefika wapi. Nimejaribu programu za kila aina na nimerudi kwenye hiyo, kwa sababu kila mtu anaisoma kwa dakika moja na hakuna anayeweza kujificha ndani yake, hata mimi.

Na hapo kwenye "hata mimi" nasimama kidogo. Jina lako nawe liwemo na kazi zako, na tarehe zako zikipita ziseme zimepita. Timu inakuangalia wewe zaidi ya inavyosoma maagizo yako.

Hatua ya 4: Jifunze kukabidhi kazi vizuri

Hii ndo hatua ninayoiona inaharibiwa kuliko zote, kwa hiyo nitakaa hapa.

Wasimamizi wengi wanakabidhi kazi wakiwa wanatembea. "Ee, ile kitu ya stoo naomba uicheki." Halafu Ijumaa wanakasirika. Ukikabidhi kazi mtu anahitaji kutoka na vitu vitano kichwani: kinachotakiwa kionekane mwishoni, kwa nini kinatakiwa, nini anaweza kuamua mwenyewe, tarehe ya mwisho, na siku ya katikati mtakayoangalia pamoja. Halafu, na hii usiiruke, mwombe akurudishie kwa maneno yake. Usiulize "umeelewa?" maana kila mtu atasema ndiyo, nani anataka kuonekana hajaelewa mbele ya bosi?

Nakumbuka mazungumzo haya karibu neno kwa neno:

"Dada, kuna jambo la stoo nataka ulishike wewe mwenyewe."

"Lipi hilo bosi?"

"Hesabu ya vifaa. Wiki mbili hizi tumeagiza vitu ambavyo tayari vipo, nataka tujue tuna nini kabla ya kuagiza tena Jumatatu."

"Sawa, nimekupata."

"Hebu niambie umenipataje, nisije nikawa nimekuchanganya."

"Nihesabu kila kitu kilichomo stoo, nikuletee orodha Ijumaa jioni."

"Hapana, sio kila kitu. Vile vinavyotoka kila wiki tu, ambavyo ndo tunaviagiza."

"Ah! Basi hiyo Jumatano naimaliza. Mimi nilishaanza kuwaza zile mashine mbovu za kule nyuma, nikasema hapa nalala stoo."

Umeona? Sentensi moja ya kuomba arudie imeokoa siku mbili. Na angechukua siku zote hizo kuhesabu mashine mbovu ningemwona mzito, na yeye angeniona sijui ninachotaka, na wote wawili tungekuwa tumekosea kwa sababu yangu.

Kuhusu nini anaweza kuamua mwenyewe, tumia ngazi tatu na uzitaje wazi. Ya kwanza, fanya tu, usiniambie. Ya pili, fanya halafu nijulishe. Ya tatu, njoo na pendekezo kwanza kabla hujafanya. Mtu mgeni mwanzishe na ya tatu kwenye mambo mazito, akionyesha anaweza mpandishe, na mwambie kwamba umempandisha. Ugomvi mwingi wa "amefanya bila kuniuliza" na "anataka kuulizwa kila kitu" unatokana na ngazi ambayo haikutajwa.

Halafu kuna hili: atarudi. Siku ya pili atakuja mlangoni, "bosi, kuna tatizo." Usiipokee kazi. Ukisema "niachie nitaangalia" basi kazi imehamia mezani kwako na yeye amekuwa msimamizi wako, kesho atakuja kukuuliza imefika wapi. Muulize "wewe unaonaje?" na ukae kimya. Ukimya huo ni mgumu, haswa kama jibu unalijua, lakini subiri. Mara nyingi jibu analo, alikuwa anataka tu kujua hatasulubiwa akikosea. Kama kweli hana, mpe njia moja ya kuanzia na mrudishie kazi ikiwa bado ni yake.

Na usimkabidhi mtu matatizo tu. Mkabidhi na kazi nzuri, ile itakayompa jina.

Hatua ya 5: Fuatilia kwa ratiba, usifuatilie kwa hasira

Tofauti ya kufuatilia na kumkaba mtu koo iko kwenye ratiba. Mtu akijua kila Jumanne saa nne tunakaa dakika ishirini, hataona unamwinda. Ukimpigia saa yoyote ukishikwa na wasiwasi, hata kwa upole, ataona humwamini, na atakuwa anafanya kazi ya kukutuliza wewe badala ya kazi yenyewe.

Kwenye dakika hizo ishirini: nini kimeisha, nini kimekwama, unahitaji nini kutoka kwangu. Ukiahidi kitu andika mbele yake, na ukitimize kabla ya Jumanne inayofuata. Kikao hiki usikiahirishe hovyo. Ukikiahirisha mara tatu umemwambia hana umuhimu, hata kama hukutamka.

Vikao vya timu nzima sina mengi ya kusema, viwe vifupi, kila kinachoamuliwa kiwe na jina na tarehe, na asiyehusika aachwe aendelee na kazi zake.

Ila kuna hesabu moja ujue. Watu 5 wakitakiwa kuwasiliana kila mmoja na kila mmoja kuna njia 10 za mawasiliano. Wakiwa 10, njia zinakuwa 45. Wakiwa 15, zinakuwa 105. Ndo maana timu ikikua mambo yanaanza kupotea katikati hata kama watu ni walewale wazuri, na ukiongeza watu kwenye kazi iliyochelewa mara nyingi inachelewa zaidi mwanzoni, maana waliopo wanaacha kazi kuwaelekeza wapya. Timu ikipita watu nane au tisa mimi huanza kuigawa, kila kundi na kiongozi wake na eneo lake linaloeleweka.

Hatua ya 6: Hakikisha habari mbaya zinakufikia mapema

Tarehe 28 Januari 1986 chombo cha anga cha Challenger kilisambaratika sekunde 73 baada ya kuruka na watu wote 7 waliokuwemo wakafariki. Usiku wa kuamkia siku hiyo wahandisi wa kampuni iliyotengeneza roketi za pembeni walikuwa wameshauri kisirushwe, kwa sababu baridi ingeweza kuharibu uwezo wa mipira inayoziba maungio. Walisema kabisa, na data wakaonyesha. Wakuu wao wakapindua ule ushauri. Kila nikiisoma habari ile nawaza jinsi taarifa ilivyokuwepo ndani ya nyumba, kwenye mikono ya watu walioajiriwa kuijua, ikaishia njiani.

Sehemu nyingi taarifa haifiki hata hapo, inafia mdomoni mwa mtu anayeogopa. Na mimi nimewahi kusababisha hilo. Kijana mmoja alinijia asubuhi kuniambia mzigo wa mteja utachelewa wiki nzima, nikamfokea mbele ya watu. Miezi miwili iliyofuata sikusikia tatizo lolote. Nilifikiri tumetengemaa. Kumbe matatizo yalikuwepo, walikuwa wanayamaliza wenyewe kimyakimya au wanayaficha, na nilikuja kuyajua kutoka kwa wateja. Nilikwenda kumwomba radhi yule kijana mbele ya walewale waliosikia nikimfokea, lakini ilichukua muda mrefu watu waanze kuniambia ukweli tena.

Kwa hiyo sentensi yako ya kwanza ukiletewa habari mbaya iandae kabisa: "Asante kwa kuniambia. Tunajua nini mpaka sasa?" Maswali ya nani kakosea yatakuja baadaye, na mara nyingi utakuta hayana kazi. Pale Toyota mfanyakazi wa kawaida kwenye mstari wa uzalishaji ana kamba ya kuvuta, au kitufe cha kubonyeza, akiona kasoro, na isiporekebishwa haraka mstari unasimama. Kiwanda chote kinakubali gharama ya kusimama kwa sababu kasoro ikipita inakuwa ghali zaidi mbele. Timu yako nayo iwe na kamba yake, hata kama ni meseji moja kwenye grupu inayosema "simameni, kuna kitu hakiko sawa" na asiyeituma kwa nia mbaya asiadhibiwe hata akiwa amekosea.

Hatua ya 7: Sahihisha siku hiyohiyo, na zungumzia tukio

"Wewe ni mzembe" mtu hawezi kulifanyia kitu zaidi ya kukasirika. Jaribu hivi: "Ripoti ya jana ilikuja bila jedwali la mwisho, na wahasibu wamekaa asubuhi yote wanalisubiri. Nini kilitokea?" Hapo kuna kilichotokea, kuna madhara yake, na kuna nafasi ya yeye kueleza. Faragha, mlango umefungwa, siku ileile au kesho yake. Ukiweka makosa ya miezi sita uje uyamwage kwenye tathmini ya mwaka, atajisikia ulikuwa unamwekea mtego, na hatakuwa amekosea sana.

Kusifu nako kuwe na tukio. "Kazi nzuri" inapita tu. "Ulivyompigia yule mteja kabla hajatupigia yeye, umetuokoa" hiyo mtu anaenda nayo nyumbani.

Sasa yule asiyebadilika. Kabla hujaamua lolote jiulize manne kwa mpangilio: anajua kinachotakiwa? Anacho kifaa na muda wa kukifanya? Ana uwezo nacho? Anataka? Wasimamizi wengi wanarukia la nne wakati tatizo liko la kwanza au la pili, ambayo ni yako wewe. Kama umemaliza matatu ya mwanzo kwa haki na bado, basi kaa naye, mwandikie nini kibadilike na kwa tarehe gani, msaidie kweli, na tarehe ikifika fanya ulichosema. Inauma. Lakini kuna watu pembeni wanaobeba kazi yake kila siku bila kusema, na wanakuangalia. Ukiendelea kukwepa, watakaoondoka ni wao, kwa sababu wao ndo wanaopata kazi kwingine haraka.

Hatua ya 8: Ondoka wiki moja

Chukua likizo au nenda kwenye kazi ya nje, simu kwa dharura tu, na dharura mkubaliane kabla maana yake nini. Acha karatasi ya safu nne ukutani. Usimwachie mtu mmoja kila kitu, acha kila mwenye kazi abaki na kazi yake na ngazi yake ya maamuzi.

Ukirudi usianze na barua pepe. Kaa na timu saa moja na waulize nini kilisimama kikinisubiri mimi. Andika vyote bila kujitetea. Mara ya kwanza nilipofanya hivi nilipata orodha ya mambo kumi na moja, na saba kati yake yalikuwa ni sahihi au ruhusa ambazo mtu mwingine angeweza kuzitoa, nilikuwa tu sijawahi kumwambia kwamba anaruhusiwa. Chukua orodha hiyo, kila kimoja kiandikie jina la mtu, ngazi ya maamuzi na tarehe, kisha rudi hatua ya 4 na ukabidhi kimoja kimoja. Baada ya miezi mitatu ondoka tena, uhesabu vilivyobaki.